Mzizi Kabla ya Tanuru: Sarufi katika Elimu ya Mizani

Katika elimu zote za kimiujiza ambazo binadamu amezibuni ili sauti ya neno iweze kutawala maada, ni nadra kupata iliyomtegemea mwanasarufi kama Elimu ya Mizani. Elimu hiyo imo katika vitabu vya Kiarabu vinavyonasibishwa na Jabir ibn Hayyan, ambaye husemwa kwamba aliishi katika karne ya 8. Paul Kraus, aliyevichunguza kwa kina katika juzuu mbili zilizochapwa Cairo mwaka 1942 na 1943, alishikilia kwamba viliandikwa baadaye, tena na watu kadhaa. Mzozo huo tuwaachie wanahistoria. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba katika elimu hii, kazi ya mwanasarufi ilitangulia kazi ya tanuru, na kwamba hapo ndipo ilipokuwa na udhaifu wake.

Utaratibu wenyewe ni huu. Herufi 28 za Kiarabu, kwa mpangilio wa abjadi, hugawanywa katika mafungu 4 ya herufi 7: joto, baridi, ukavu na unyevu. Nafasi ya herufi katika neno huamua nguvu yake, kwa uwiano wa 1, 3, 5 na 8, ambao jumla yake ni 17. Chukua neno usrub, yaani risasi. Alif ni joto, uzito 1. Sini ni ukavu, 3. Ra ni unyevu, 5. Ba ni baridi, 8. Mwanaalkemia akishavijua vipimo hivyo, huamini kwamba anaweza kupunguza hapa na kuongeza pale hata risasi iwe dhahabu.

Lakini neno haliwekwi mizanini na mavazi yake. Sharti kwanza livuliwe herufi zote za ziada, libaki mzizi mtupu. Basi aliyekosea mofolojia amekosea na maada. Tukiruhusiwa kupima neno lisilo la madini, tutazame shaytan. Wanasarufi wa Kiarabu walihitilafiana: wapo walioiona ya kuwa ya ziada, mzizi ukawa sh-t-n, wengine wakaiona nuni kuwa ya ziada, mzizi ukawa sh-y-t. T ya neno hili ni ile nzito, ambayo ni ya joto. Kwa hesabu sahili, mzizi wa kwanza una joto 4 na baridi 5; wa pili una joto 6 na baridi 3. Shetani ni yule yule. Kilichobadilika ni rai ya mwanasarufi.

Tatizo la visawe ni kubwa zaidi. Risasi hiyo hiyo huitwa pia rasas, nayo, ikishavuliwa alif yake, haina joto wala ukavu hata chembe, kwani ra ni unyevu na swadi ni baridi. Madini moja, asili mbili! Vitabu vyenyewe vinakiri kwamba huenda jina likapungukiwa, na pengo likajazwa kwa kukisia. Kwa maoni yangu, kukiri huko ndiko kunakoivunja elimu yote, maana anayekisia hapimi tena.

Sasa neno livuke bahari. Rasas limekuwa risasi katika Kiswahili, na isipokuwa kwa wachache waliosoma chuoni, swadi imekuwa sini, yaani baridi imegeuka ukavu. Katika shetani, t nzito ya joto imekuwa t nyepesi, ambayo ni ya baridi; shetani wetu amepoa. Hata hivyo risasi ya Mombasa huyeyuka sawasawa na ile ya Baghdad. Wanafunzi wetu wengi huikubali kauli ya Saussure kuhusu unasibu wa ishara kwa sababu tu imo vitabuni; ushahidi uliomo vinywani mwao hawajaulizwa.

Mtu akitaka kuijenga mizani ya Kiswahili, ataanza upya kabisa. Mizani ya Jabir haihesabu irabu fupi. Kata na keti zingekuwa na uzito mmoja. Halafu kuna ngeli. Asiyeitenga ki- iliyojificha katika chuma atalazimika kusema kwamba chuma kimoja kina asili moja na vyuma viwili vina asili nyingine. Akiitenga, amebakiwa na -uma, na konsonanti moja tu ya kupima.

Isidhaniwe kwamba pwani haikujua njia ya kulifanya neno kuwa kitu. Katika kombe, aya huandikwa sahanini kwa wino wa zafarani, ikaoshwa kwa maji, na mgonjwa akayanywa. Hapo hakuna mzizi unaotafutwa wala herufi inayovuliwa. Aya hunywewa nzima, pamoja na viambishi vyake, na mgonjwa hahitaji kujua hata neno moja la Kiarabu.