John le Carré, Nchi ya Turkana na Suala la Mkalimani

Barabara itokayo Lodwar kuelekea mpaka wa Sudani Kusini hufika Kakuma baada ya kiasi cha kilomita 120, kisha huendelea mpaka Lokichoggio. Nchi hiyo kame ilifungwa na serikali ya kikoloni kwa wageni wasio na kibali, na ndiyo iliyochaguliwa kuwa mahali pa kumsahaulisha Jomo Kenyatta: alifungwa Lokitaung, kisha akawekwa kizuizini mjini Lodwar tangu 1959 hadi 1961. Miaka arobaini baadaye eneo hilo hilo liliingia katika riwaya ya ujasusi iliyosomwa dunia nzima. Riwaya hiyo ni The Constant Gardener (2001), na mwandishi wake ni David Cornwell, ambaye wasomaji wanamfahamu kwa lakabu ya John le Carré. Makala haya yanaeleza kwa ufupi maisha na kazi yake, lakini shabaha yake hasa ni moja: kuchunguza nani anasema, na kwa lugha gani, mwandishi huyu anapoileta hadithi yake Afrika ya Mashariki.

Cornwell alizaliwa Poole, kusini mwa Uingereza, tarehe 19 Oktoba 1931. Baba yake alikuwa tapeli aliyepata kufungwa jela. Mama aliihama nyumba mtoto akiwa na umri wa miaka mitano. Mwenyewe alieleza mara nyingi kwamba ujasusi aliufahamu nyumbani kabla ya kuajiriwa nao, maana katika nyumba ya baba yake kila neno lilikuwa na maana ya nje na maana ya ndani. Ila mlango uliomwingiza kazini ulikuwa lugha. Alijifunza Kijerumani katika Chuo Kikuu cha Bern, akatumikia jeshi nchini Austria akiwahoji watu waliovuka kutoka upande wa Mashariki, akasoma lugha za kisasa Oxford na kuhitimu 1956, halafu akafundisha Kifaransa na Kijerumani katika shule ya Eton. Mwaka 1958 aliingia idara ya upelelezi wa ndani, na 1960 akahamia ile ya nje, akapelekwa Bonn na baadaye Hamburg.

Sheria za kazi hazikumruhusu kuandika kwa jina lake, ndiyo sababu ya lakabu. Call for the Dead ilitoka 1961, mwaka ule ule ukuta wa Berlin ulipojengwa. The Spy Who Came in from the Cold, iliyotoka 1963, ikamfanya mtu maarufu, na mwaka uliofuata akaacha utumishi. Zilizofuata zinajulikana mno hata hazihitaji kuorodheshwa hapa. Itoshe kusema kwamba jasusi wake, George Smiley, ni mzee mnene, mpole, aliyesalitiwa na mkewe na wenzake, ambaye kila anaposhinda hujiuliza kama upande wake ulistahili ushindi.

Hapo ndipo msomaji wa Kiswahili atakapoona tofauti. Riwaya ya upelelezi ya Kiswahili ilipata umbo lake kwa Muhammed Said Abdulla, ambaye Mzimu wa Watu wa Kale ilichapishwa 1960, na Bwana Msa wake anafumbua mafumbo kwa akili tulivu ya Sherlock Holmes. Willy Gamba wa Elvis Musiba, tangu Kufa na Kupona (1974), ni shujaa wa namna nyingine: anapigania ukombozi wa Kusini mwa Afrika dhidi ya Wareno na makaburu, wala hana shaka yoyote juu ya haki ya upande wake. Wahakiki waliodharau riwaya hizo kwa kuziita pendwa wangefanya vyema kukumbuka kwamba imani hiyo ya Gamba ilikuwa na msingi katika historia. Jasusi wa taifa lililokuwa linajikomboa na jasusi wa dola iliyokuwa inapoteza makoloni yake hawawezi kuwa na dhamiri ya aina moja.

Vita Baridi vilipokwisha, baadhi ya watu walidhani le Carré amebaki bila kazi. Yeye akageukia adui mwingine: wauza silaha, mabenki na makampuni ya madawa. Katika The Constant Gardener, Tessa, mke kijana wa afisa wa ubalozi wa Uingereza mjini Nairobi, anauawa kando ya Ziwa Turkana pamoja na dereva wake. Mumewe, Justin, mtu mpole aliyezoea kushughulika na maua tu, anafuata nyayo zake na kugundua kwamba dawa mpya ya kifua kikuu inajaribiwa kwa maskini wa Kenya, na kwamba vifo inavyosababisha vinafichwa. Safari yake inampeleka Ulaya na Kanada, inamrudisha Lokichoggio, kituo cha ndege za misaada zilizokuwa zikienda Sudani ya Kusini, na inaishia ziwani alipofia mkewe. Filamu ya 2005, iliyoongozwa na Mbrazili Fernando Meirelles, ilipigwa kwa sehemu Kibera na Loiyangalani, ng'ambo ya mashariki ya ziwa.

Hasira ya kitabu hicho ni ya kweli na ina mashiko. Wasomaji wengi walikihusisha na kisa cha Kano, Nijeria, ambako mwaka 1996, wakati wa mlipuko wa homa ya uti wa mgongo, watoto 200 waliingizwa katika majaribio ya dawa na 11 wakafa. Mabishano yaliyoendelea kwa miaka mingi yalihusu jambo ambalo mwanaisimu hawezi kulipita: ridhaa. Kampuni ilidai kwamba wazazi waliridhia kwa mdomo. Wazazi walikana kwamba waliwahi kuambiwa kuwa ni majaribio. Neno «majaribio» lilitamkwaje kwa Kihausa, na nani alilitamka?

Swali hilo le Carré hakuliuliza katika riwaya ya 2001. Wanza, mwanamke anayekufa hospitalini baada ya kupewa dawa hiyo, anaonekana kwa macho ya wengine. Mateso yake yanasimuliwa na Waingereza wanaomhurumia. Miongoni mwa wahusika wakuu hakuna Mturkana. Nchi yao imetumika kuwa mahali patupu ambapo ukweli unaweza kuzikwa bila shahidi, wazo ambalo, kwa bahati mbaya, haliko mbali na lile la maafisa waliompeleka Kenyatta huko.

Hali halisi ya njia hiyo ni kinyume chake. Kambi ya Kakuma ilianzishwa 1992 kuwapokea vijana waliokimbia vita vya Sudani, na baadaye wakaja Wasomali, Waethiopia, Wakongo na wengine. Pale mgawo wa chakula, matibabu na mahojiano ya kuomba hifadhi hupita mara nyingi katika kinywa cha mkalimani, na Kiswahili ni mojawapo ya lugha zinazowakutanisha watu. Hata mwenyeji, ambaye lugha yake ni ndugu wa Kikaramojong, Kiteso na Kitoposa, huweza kuhitaji mkalimani mbele ya afisa aliyetoka Nairobi, naye yumo katika ardhi ya babu zake. Kosa dogo la tafsiri katika mahojiano kama hayo laweza kumnyima mtu hifadhi.

Miaka mitano baadaye, kana kwamba amelisikia swali hilo, le Carré alitoa The Mission Song (2006), na safari hii msimulizi ni mkalimani mwenyewe. Bruno Salvador, aitwaye Salvo, ni mwana wa mmisionari wa Kiairishi na mama Mkongo. Anakijua Kiswahili pamoja na lugha kadhaa za Kivu, na idara ya siri ya Uingereza inamkodi ili atafsiri mkutano wa wababe wa vita katika kisiwa cha kaskazini. Wapangaji wa mkutano wanamtaka awe bomba la kupitishia maneno tu. Kupitia vinasa sauti, hata hivyo, anasikia mtu akiteswa, na tangu hapo hawezi tena kuwa bomba. Kiongozi ambaye mkutano unamwandalia utawala anaitwa Mwangaza. Mjuzi wa lugha atatabasamu kwa uchungu: kuangaza ni kutoa nuru, na kuangaza macho ni kutazama kwa makini, lakini katika mkutano ule anayeangaza macho ni mkalimani peke yake.

Cornwell alifariki tarehe 12 Desemba 2020, akiwa na umri wa miaka 89. Katika riwaya ya Turkana, dereva aliyeuawa pamoja na Tessa aliitwa Noah, na hadithi haikumpa nafasi ya kusema. Katika riwaya ya mkalimani, Salvo anawekwa kizuizini akingojea kufukuzwa Uingereza, na kutoka huko anamwandikia barua mtoto wa mchumba wake. Mtoto huyo naye anaitwa Noah.