Lengo Limehesabu Nini?

Kazi isiyo na lengo huchosha. Mkulima wa Mbulu akisema, "Wiki hii napalilia nusu ekari," kila jioni anaona alipofika na kilichobaki. Hata majirani akiwaita wamsaidie, wanajua wanaitiwa kazi kiasi gani.

Lakini tutazame mashamba ya ngano ya Basotu, wilayani Hanang. Kuanzia miaka ya 1970, shirika la umma la NAFCO, likisaidiwa na Kanada, lilikuwa na lengo kubwa: nchi yetu ijitosheleze kwa ngano. Matrekta yakaja. Mashamba yakafika saba, karibu ekari 100,000. Ngano ilivunwa kweli, tena nyingi. Ukihesabu magunia tu, utasema kazi ilikwenda vizuri.

Je, malisho nani aliyahesabu? Ardhi ile Wabarabaig walikuwa wakiilisha ng'ombe wao, na majani yake ndiyo yaliyokuwa bora. Mifugo ikasukumwa pembeni, huko nako majani yakaisha. Njia za kwenda majini zikafungwa. Makaburi ya wazee yakalimwa, jambo ambalo hakuna gunia la kulilipa. Mvua nayo ikachimba makorongo shambani. Wanakijiji wa Mulbadaw walishtaki, wakashinda mwaka 1984. Mwaka 1985 NAFCO ikashinda rufaa.

Sisi tunaona hivi: tukipanga ekari mkutanoni, katika daftari lile lile tuandike na safu ya pili: kisima, njia ya mifugo, majani, makaburi. Bwana shamba akija kuuliza tumefikia wapi, tumsomee safu zote mbili.