Klori haitoe kobalti mu maji

Ndugu wafanyakazi, na nyinyi wamama wa makartie,

Karibu na migodi, Kolwezi sawa vile Likasi, kuna makartie mengi kwenye maji ya robine haifike kila siku. Watu wanateka ku kisima ao ku foraje, wanachuja na kitambaa, wanachemusha ao wanatia klori. Ni vizuri, na musiache, kwa sababu kolera inaweza kumaliza mutu mu masaa machache tu. Lakini moto na klori vinaua vijidudu. Metali haina uhai, utaiua namna gani?

Nyinyi wa ku izine munajua hii kuliko mimi. Tunatia asidi ku mawe, shaba na kobalti vinayeyuka, vinaingia mu maji. Chuja ile maji na kitambaa hata mara kumi, kobalti itapita tu, sawa chumvi. Ukichemusha ni mubaya zaidi: maji inapunguka, metali inabakia yote mu sufuria. Na kwa macho, maji inaweza kungaa kabisa.

Sasa ku izine, kobalti tunaitosha namna gani? Tunatia chokaa ao manyezi, nguvu ya asidi inaisha, kobalti inageuka matope, inashuka chini. Kusafisha maji ya kunywa yenye metali kunafuata njia ileile: chokaa kwa kipimo, kuacha matope ishuke, kupitisha maji mu muchanga, kurudisha pH kati ya 6,5 na 8,5, kisha klori ya mwisho, na kiisha dakika 30 ibakie angalau 0,5 mg kwa lita. Wamama, hii haiko kazi ya ndoo na chokaa ku nyumba, musijaribu. Inaomba mashini, labo, na mutu mwenye kulipwa kila mwezi kwa kuiangalia.

Kampuni moja, jina naliacha, ilileta makartoni ya klori ku kartie yetu, ikapiga na foto. Tulisema aksanti. Tulipoomba karatasi ya labo, walituletea ya vijidudu peke. Ya metali, hata mustari mumoja.

Kwa hiyo, madelege, ku komite ya usalama muombe hesabu ya metali, moja moja. OMS inakubali shaba mpaka 2 mg kwa lita, risasi 0,01, urani 0,03. Kobalti, OMS haikuiwekea kipimo. Mukubwa akisema kobalti yake "iko chini ya kipimo ya OMS", mumuombe awaonyeshe ile ukurasa. Hata mie ningependa kuiona.

Sheria ya migodi ya 2018 inalazimisha kampuni kuandikiana mkataba na wakaaji, ule wanaita kaye de sharji. Muandikishe ndani: maji ipimwe mara mbili kwa mwaka, kiangazi na mvua, ichotwe mbele ya wakaaji, na karatasi ya labo ibandikwe palepale ku foraje, mu Kiswahili.