Bega ni mtaji: Kombe likigoma, mzigo hauvuki mpaka

Jua likiwa halijapanda, foleni ya watembea kwa miguu huwa tayari ni ndefu Petite Barrière, kivuko kinachotenganisha Rubavu ya Rwanda na Goma ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Kinamama hupita na mafurushi kichwani, wengine wakiwa na mtoto mgongoni. Wafanyabiashara wenye ulemavu wa miguu huendesha kwa mikono baiskeli za magurudumu matatu zilizosheheni bidhaa. Upande wa Goma, vijana husukuma chukudu, kile chombo cha mbao cha magurudumu mawili ambacho mji huo umekijengea hata sanamu.

Ukienda Busia, kati ya Kenya na Uganda, utakuta hali hiyohiyo kwa sura nyingine: baiskeli, mikokoteni na magunia. Namanga, Mutukula, Rusumo na Tunduma nako wachukuzi hupakia na kupakua malori kutwa nzima. Lugha za mtaani hubadilika, sarafu hubadilika, lakini mzigo wa mfanyabiashara mdogo karibu kila mahali hupitia mahali pamoja. Hupitia begani.

Jumuiya ya Afrika Mashariki imepunguza uzito wa makaratasi. Mwenye bidhaa zinazozalishwa ndani ya Jumuiya, zenye thamani isiyozidi dola 2,000 za Marekani, anaweza kutumia cheti rahisi cha uasili wa bidhaa badala ya mlolongo mrefu wa nyaraka. Uzito wa gunia lenyewe bado ni shauri la mbebaji. Na mfanyabiashara wa aina hii hana likizo ya ugonjwa. Siku bega likikataa, anabaki na njia mbili tu: amlipe mtu wa kubeba, faida iondoke, au alale nyumbani.

Wengi bega likiuma husema wamelala vibaya au baridi imeingia. Hununua vidonge vya maumivu, hupaka dawa ya kuchua, kesho yake wanarudi mzigoni. Mara nyingi kinachosahaulika ni mfupa ulio nyuma ya bega, usioonekana na mwenye nao: kombe la bega.

Mfupa ulioshikiliwa na nyama

Kombe ni mfupa mpana, wa pembetatu, uliolala juu ya mbavu upande wa nyuma. Kila mtu ana mawili. Ajabu yake ni kwamba halijafungwa kwenye mbavu wala kwenye uti wa mgongo kwa kiungo chochote cha mfupa. Kiungo chake pekee na kiwiliwili ni kupitia mtulinga, ule mfupa mwembamba unaokwenda hadi kwenye kidari. Kwingine kote kombe linashikiliwa na misuli tu, ndiyo maana linaweza kuteleza juu na chini, kusogea mbele na nyuma, na kugeuka kama usukani.

Kwenye kona ya nje ya kombe kuna kishimo kidogo, na humo ndimo kichwa cha mfupa wa mkono hukaa. Kishimo hicho hakina kina. Ni kama mpira uliowekwa juu ya kisosi. Kwa sababu hiyo mkono wa binadamu unafika karibu kila upande, na kwa sababu hiyohiyo bega ni rahisi kuumia. Mpira ukienda huku, kisosi nacho lazima kiufuate.

Daktari Ernest Codman wa Boston, Marekani, alieleza mwendo huo wa pamoja katika kitabu chake cha mwaka 1934. Miaka 10 baadaye, mwaka 1944, Inman, Saunders na Abbott wakauwekea hesabu ambayo bado inafundishwa vyuoni: mkono ukiinuliwa hadi juu kabisa, nyuzi 180, takriban nyuzi 120 hutoka kwenye kiungo cha bega na 60 hutokana na kombe kugeuka. Kwa maneno mengine, theluthi moja ya kazi ya kuinua furushi hadi kichwani hufanywa na kombe. Likikwama, mkono hulazimika kuitafuta theluthi hiyo kwingine: shingoni, kiunoni, au kwenye kano ndogo za bega ambazo hazikuumbwa kwa kazi hiyo.

Wanaovuta kamba

Fikiria watu watatu wanaogeuza jiwe la mviringo, kila mmoja akivuta kutoka upande wake. Kombe hugeuzwa hivyo mkono unapopanda.

Wawili wa kwanza ni sehemu mbili za msuli mmoja mkubwa uitwao trapezi, unaoanzia kisogoni na kushuka hadi katikati ya mgongo. Sehemu yake ya juu huvuta kombe kwenda juu. Sehemu ya chini hulivuta kwenda chini na ndani. Wa tatu ni serato, msuli ulioko ubavuni chini ya kwapa. Jina lake la Kilatini linatokana na msumeno, kwa kuwa hujishikiza kwenye mbavu nane au tisa za juu kwa ncha zinazofanana na meno ya msumeno. Serato hulisogeza kombe mbele na kulibana lisibenuke kutoka kwenye mbavu.

Wapo pia romboidi, zinazovuta makombe yakaribie uti wa mgongo, na msuli mwembamba unaotoka shingoni kwenda kwenye kona ya juu ya kombe, ambao kazi yake ni kulipandisha. Huo wa mwisho ndio mara nyingi unaouma mtu anapobonyeza kati ya shingo na bega jioni. Upande wa kifua kuna msuli mdogo unaoivuta kona ya kombe mbele na chini. Juu ya kombe lenyewe kuna misuli mingine minne midogo, ambayo kano zake huzunguka kichwa cha mfupa wa mkono na kuzuia mpira usitoke kwenye kisosi.

Shida ya mfanyabiashara ni kwamba misuli hii haifanyi kazi kwa usawa. Anayebeba begani hulipandisha bega kutwa, hivyo trapezi ya juu huchoka na kukaza. Anayeendesha lori, anayekaa kibandani akiwa amejikunja au anayesukuma mkokoteni mabega yakiwa mbele, msuli mdogo wa kifua hukaza na makombe huinamia mbele. Wakati huohuo trapezi ya chini na serato hudhoofika. Katika wavutaji watatu, mmoja anavuta kupita kiasi na wawili wamelegea.

Wenye baiskeli za mikono wana sababu ya ziada ya kujali. Kwao bega ndilo linalobeba, linalosukuma na linalotembea. Maumivu ya bega ni malalamiko ya kawaida miongoni mwa watumiaji wa viti vya magurudumu duniani kote, na bega hilo likilemaa, huyo mtu hupoteza biashara na mwendo kwa pamoja.

Kilo ngapi begani?

Mwaka 1967 Shirika la Kazi Duniani lilitoa pendekezo namba 128 kuhusu mizigo inayobebwa na mtu mmoja. Linataka pale ambapo mwanamume mzima anaruhusiwa kubeba zaidi ya kilo 55, hatua zichukuliwe haraka kushusha kiwango hicho. Kwa wanawake na vijana, mkataba wa mwaka huohuo unataka uzito uwe pungufu kwa kiasi kikubwa.

Linganisha na kilichopo sokoni. Mfuko wa saruji ni kilo 50. Gunia la mahindi nchini Kenya limezoeleka kuwa la kilo 90. Tanzania, gunia halali la mazao lina ukomo wa kilo 100, na lumbesa huzidi hapo. Kenya iliweka ukomo wa kilo 50 kwa kifungashio cha viazi katika kanuni za mwaka 2019, lakini viazi ni zao moja tu. Ina maana mchukuzi anaweza kubeba gunia halali kabisa kisheria huku mwili wake ukibeba karibu mara mbili ya kiwango cha 1967.

Uzito huo hauumizi misuli pekee. Mshipa wa fahamu unaoipa serato amri hutoka shingoni na kushuka ubavuni, na unaweza kuumizwa na mzigo mzito unaokandamiza bega kwa muda mrefu. Madaktari wa majeshi waliliona jambo hili kwa askari wanaobeba mikoba mizito. Mshipa ukiumia, serato hulegea na kombe hubenuka nyuma kama bawa. Bandu bandu huisha gogo: wengi hawakumbuki siku iliyowaumiza, kwa sababu haikuwa siku moja.

Jipime kwanza

Vipimo viwili vya kuanzia havihitaji kifaa. Cha kwanza, simama bila shati, au kwa fulana ya kubana, mwenzako akiwa nyuma yako. Inua mikono yote miwili taratibu hadi juu, kisha ishushe. Aangalie kama makombe yanakwenda pamoja, au moja linachelewa, linaruka au linapanda kuelekea sikioni mapema. Cha pili, weka viganja ukutani usawa wa kifua na usukume. Kombe moja likitokeza kama bawa, msuli wa serato wa upande huo hauna nguvu, na hilo ni la kumwonyesha mtaalamu.

Mazoezi sita ya mpakani

Haya yanaweza kufanyika kwenye foleni, kwenye maegesho ya malori au ukutani mwa ghala.

1. Kuzungusha mabega. Yapandishe kuelekea masikioni, yarudishe nyuma, yashushe. Rudia mara 10 polepole.

2. Kubana makombe. Simama wima, vuta makombe nyuma na chini kana kwamba unayatia kwenye mifuko ya nyuma ya suruali. Usipandishe mabega. Shikilia sekunde 5, rudia mara 10. Hapa zinafanya kazi romboidi na trapezi ya kati na ya chini.

3. Kusukuma ukuta bila kukunja viwiko. Viganja vikiwa ukutani na mikono imenyooka, acha kifua kisogee mbele hadi makombe yakaribiane. Kisha sukuma hadi mgongo wa juu urudi nyuma. Mara 10 hadi 15. Hili ni zoezi la serato.

4. Kutelezesha mikono. Laza ukutani sehemu ya mkono iliyo kati ya kiwiko na kiganja, mikono yote miwili, kisha ipandishe kadiri inavyofika bila maumivu. Shusha taratibu. Mara 10.

5. Kufungua kifua. Simama mlangoni, kiwiko kimoja kikiwa usawa wa bega kwenye fremu, sogeza mguu mmoja mbele hadi kifua kivutike. Shikilia sekunde 20 hadi 30, mara 3 kila upande. Madereva wasiliruke hili.

6. Kuvuta tyubu. Funga kipande cha tyubu ya baiskeli kwenye nguzo imara, shika ncha zake na uvute viwiko nyuma huku makombe yakikaribiana. Mara 10, pumzika, rudia mara nyingine 10.

Ambaye bega lake tayari linauma sana aanze na zoezi jepesi linalohusishwa na jina la Codman: kuinama huku mkono mzima umeshika meza, na kuuacha mkono unaouma uning'inie na kubembea kama timazi kwa dakika moja au mbili.

Kuhisi misuli ikivutika ni kawaida. Maumivu makali ni ishara ya kuacha, na yakiendelea hadi kesho yake, punguza idadi. Nguvu haiji kwa wiki moja. Kwa kawaida mabadiliko huhesabiwa baada ya wiki 6 hadi 12 za kufanya karibu kila siku.

Usisubiri ukiona haya

Maumivu ya bega la kushoto yanayoambatana na kubanwa kifua, jasho la baridi au kushindwa kupumua yanaweza kuwa ya moyo. Nenda hospitali saa hiyohiyo. Nenda mapema pia kama mkono umekufa ganzi au umelegea, bega limebadilika umbo baada ya kuanguka, kuna homa na uvimbe, au maumivu yanakuamsha usiku kwa wiki kadhaa. Bega linalozidi kukakamaa hadi mkono haugeuki linaweza kuwa bega lililoganda, tatizo linalowapata zaidi wenye umri wa miaka 40 hadi 60, hasa wenye kisukari, na linaloweza kuchukua mwaka hadi mitatu kuisha. Hospitali kubwa za mikoa na kaunti huwa na idara ya fiziotherapia. Ulizia hiyo kabla ya kurudia vidonge kwa mwezi wa tatu.

Mzigo ugawanyike

Mazoezi hayawezi kushindana na lumbesa. Mfuko wa kilo 50 ukigawanywa kuwa miwili ya 25 ni safari mbili, lakini kila safari ni nusu ya mkandamizo begani. Kubadilisha bega kila safari, kuweka mzigo katikati ya mgongo badala ya upande mmoja, na wafanyabiashara watatu au wanne kuchangia mkokoteni mmoja ni mambo yasiyosubiri kikao cha mawaziri.

Ukomo wa gunia unaofanana kwa nchi zote za Jumuiya unasubiri kikao. Mazao ni yaleyale na wabebaji ni walewale, lakini gunia hubadilika uzito kulingana na zao na upande wa mpaka. Vyama vya wafanyabiashara vinavyopeleka hoja kuhusu ushuru na vyeti vinaweza kupeleka na hii. Mpaka hapo, anayefunga furushi jioni kwa safari ya alfajiri ndiye anayeamua ni kilo ngapi zitakaa juu ya kombe lake.