Kizimba cha mboji cha bei nafuu: mabibo yakupe maji

Msimu wa korosho umefika, familia nzima iko chini ya mikorosho inaokota. Korosho inanyofolewa inaingia kwenye ndoo, bibo linatupwa. Machache yanakwenda kwenye uraka, mengine yote yanaozea palepale na nzi wake. Leo tuongelee hayo yanayotupwa.

Nianze na kosa langu mwenyewe. Nilipofika Newala nilifundisha mboji kama nilivyofundishwa chuoni: panga matabaka, mwagilia ndoo tatu kila wiki. Bibi mmoja akanyoosha mkono, akasema, "Bwana shamba, mjukuu wangu, maji ya kunywa nanunua kwa ndoo. Hayo ya kunywesha takataka nitayatoa wapi?" Watu wakacheka, mimi nikakosa jibu. Na kizimba cha mfano nilichojenga, chenye matundu makubwa pande zote, kilikauka. Baada ya miezi mitatu majani yalikuwa bado majani, na mchwa walishakula nguzo.

Bibi alikuwa na haki. Huku juu kwenye uwanda wa Makonde maji yako chini sana. Mboji inashindikana kwa sababu ya ukavu, siyo kwa kukosa takataka. Sasa angalia bibo: sehemu kubwa yake ni maji, zaidi ya robo tatu ya uzito wake. Kwa hiyo wakati ule ule ambao visima vimekauka, mkorosho unakuletea maji hadi miguuni. Tujenge kizimba kinachoyatunza.

Mahitaji

- Nguzo 8 za mita 1 na nusu, unene wa mkono
- Mafito au mianzi ya kusukia
- Viroba vya zamani vya unga au mchele, 5 au 6
- Kamba, au vipande vya tyubu ya baiskeli iliyochakaa
- Jembe, sepetu na panga

Vingi unavyo nyumbani au porini. Angalizo: usitumie mifuko ya salfa. Salfa tunapuliza kuua kuvu wa ubwiri unga, na kwenye mboji kuvu ni mfanyakazi wetu.

Kujenga

1. Chagua sehemu yenye kivuli, chini ya mwembe kwa mfano, isiyopitiwa na maji ya mvua.
2. Chimba shimo la mita 1 kwa mita 1, kina nusu mita. Hapa ndipo tofauti na kile changu kilichokauka. Nusu ya kizimba ikiwa ardhini, upepo hauwezi kuinyonya.
3. Ncha za nguzo zichome kwenye moto hadi ziwe nyeusi, mchwa watachelewa kuzila. Simika 4 kwenye pembe na 4 katikati ya kila upande, zibaki sentimita 70 juu ya ardhi.
4. Suka mafito pande tatu. Upande wa nne funga kwa kamba tu, ili uweze kufungua wakati wa kugeuza.
5. Pasua viroba, vitandaze ndani ya kuta za juu. Vitoboe matundu madogo madogo, hewa ipite.

Kama uko Masasi bondeni, kwenye udongo mzito unaotuamisha maji, usichimbe zaidi ya sentimita 20.

Kujaza

Chini kabisa weka mabua ya mtama au mahindi, unene wa kiganja. Halafu anza matabaka: majani makavu sentimita 20, mabibo yaliyopondwa sentimita 10, samadi ya mbuzi au kinyesi cha kuku tabaka jembamba, na juu yake konzi moja ya majivu. Samadi huna? Tumia udongo mweusi wa chini ya miti. Rudia hadi kijae, kisha funika kwa nyasi na kiroba.

Majani ya mkorosho ni magumu, yanachelewa kuoza. Yakatekate kwa panga, uyachanganye na mabaki ya mbaazi, kunde au karanga. Maganda ya korosho usiweke kabisa. Mafuta yake yanaunguza ngozi, unajua mwenyewe.

Baada ya siku chache ingiza kijiti katikati, kiache dakika 5, ukichomoe. Kikiwa cha moto, kazi inaendelea. Kikitoka cha baridi na kikavu, ongeza mabibo, au maji yaliyooshea mchele na samaki. Ukisikia harufu ya uraka, majani makavu ni machache, ongeza. Kamata konzi ya mboji ukamue: mkono ulowe kidogo, matone yasidondoke.

Geuza wiki ya 3 na ya 6, ya nje yaingie ndani. Ukianza katikati ya Oktoba, Januari mboji ina rangi ya kahawa na inanukia udongo wa mvua. Toa yote kabla mvua kubwa hazijajaza shimo.

Itumike wapi?

Kizimba kimoja hakitoshi ekari, tusidanganyane. Ipeleke panapolipa. Unapopanda miche ya mikorosho kwa nafasi ya mita 12 kwa 12, changanya debe moja na udongo wa juu kwenye kila shimo. Mboga za nyumbani, konzi 2 kwa shimo.

Na hili ndilo linalonifanya nisichoke kulisema. Salfa inayoanguka chini hugeuzwa na vijidudu vya udongo kuwa tindikali. Udongo wetu wa kichanga hauna nguvu ya kuhimili, miaka ikienda unakuwa mchachu na chakula cha mmea kinapotea. Sisemi uache salfa, ubwiri utakula maua yote. Nasema tusichukue tu bila kurudisha. Kila mwaka tunafagia majani chini ya mikorosho na kuyachoma moto, halafu tunalalamika mahindi na mihogo haistawi kama enzi za wazee. Ule moshi ndiyo rutuba yenyewe inaondoka.

Yule bibi sasa ana vizimba viwili nyuma ya jiko. Nilipompitia mara ya mwisho hakunionyesha mboji, alinionyesha bamia. "Maji yako ya ndoo tatu sikuyatia," akaniambia.

Kesho ukienda kuokota, beba ndoo mbili: moja ya korosho, moja ya mabibo. Kazi njema.