Mjane Ndani ya Pipa



Mpakani mwa Marekani na Kanada yapo Maporomoko ya Niagara. Mungu ameyamimina maji yale bure, na kuyatazama tu kungetosha kumpigisha mtu magoti. Lakini wenye hoteli wa pale waliona hayatoshi. Mwaka 1827 walipakia wanyama hai katika merikebu kuukuu, wakaiachia iporomoke na maji. Watu walifurika kwa maelfu kutazama. Mwaka 1859 Mfaransa Blondin akavuka korongo la mto huo akitembea juu ya kamba. Umati ukafurika tena.

Kisha akaja Annie Taylor, mwalimu mjane aliyeogopa kuzeeka katika umaskini. Tarehe 24 Oktoba 1901, siku aliyotimiza miaka 63, alifungiwa ndani ya pipa la mbao, akaporomoka zaidi ya meta 50. Alitoka hai, ana jeraha kichwani, akawa mtu wa kwanza kupona katika mchezo huo wa pipa. Watu wakamshangilia. Lakini fedha alizotarajia hazikuja, na meneja wake akatoroka na lile pipa. Mama huyo aliishia kuwauzia watalii picha zake. Alifariki mwaka 1921, maskini.

Ndugu yangu, watu wale waliiona hatari yake. Njaa yake hawakuiona.

Ibilisi alimtaka Yesu ajitupe kutoka kinara cha hekalu (Mt 4:5-7). Bwana alikataa. Lakini katika hekalu hilohilo aliketi mbele ya sanduku la sadaka, akamwona mjane mmoja na vijisenti vyake viwili (Mk 12:41-44). Hakuna aliyemshangilia mama yule. Yesu alimwona.

Nami nikiri kosa langu. Niliwahi kuongoza misa ya mazishi ya mama mjane parokiani. Kanisa lilijaa. Rambirambi zilitosha maturubai, pilau na mpiga video. Baadaye jirani yake akaninong'oneza kwamba marehemu alikuwa akilalia uji mtupu. Nyumba yake ilikuwa hatua chache kutoka kanisani, nami sikuwahi kubisha hodi.

Leo baada ya misa, mtazame yule anayekaa benchi la nyuma. Umsindikize hadi kwake, angali hai.