Ugomvi wa Washairi Usifichwe Wanafunzi

Waandishi kurushiana maneno makali si jambo geni, wala si aibu ya Kiswahili peke yake. Katika London ya karne ya 18 magazeti yalinenepa kwa ugomvi wa namna hiyo. Mwaka 1726 Lewis Theobald alichapisha kitabu kilichofichua makosa ya Alexander Pope katika kuhariri tamthilia za Shakespeare. Pope alijibu mwaka 1728 kwa utungo mrefu wa kejeli, The Dunciad, akamvika mkosoaji wake taji la mfalme wa majuha. Wataalamu wamekuja kukiri kwamba katika mengi Theobald ndiye aliyekuwa na haki. Hata hivyo, kwa muda mrefu jina lake lilitajwa kwa kicheko, maadamu aliyemjibu alikuwa na ulimi mkali kuliko wake. Mwaka 1752 ikawa zamu ya Henry Fielding na John Hill kuvurumishiana matusi magazetini, kila mmoja katika safu yake.

Nayataja haya kwa sababu walimu wetu wengi huufundisha mgogoro wa ushairi wa Kiswahili kana kwamba ni orodha ya sifa. Hapa ni arudhi, pale ni mashairi huru. Hesabu mizani, taja vina, pata alama. Mwanafunzi hupewa majivu bila kuambiwa kwamba hapo palikuwa na moto.

Na moto ulikuwapo. Hata kabla ya magazeti, Muyaka bin Haji wa Mombasa alipambana kwa beti na washairi wa Lamu. Gazeti la Mambo Leo, lililoanza mwaka 1923, na baadaye Ngurumo na Uhuru, yaliwapa malenga uwanja mpana zaidi. Mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi akatoa Sheria za Kutunga Mashairi, kitabu ambacho jina lake tu lilitosha kumtia hofu mtunzi chipukizi. Kisha wakaja vijana wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Euphrase Kezilahabi alitoa Kichomi mwaka 1974, akaacha vina na mizani kwa makusudi. Mwaka 1975 Mugyabuso Mulokozi aliandika katika jarida la Kiswahili makala ambayo kichwa chake kiliyakabilisha mapinduzi na upinzani wa mapinduzi. Mwaka uliofuata yeye na Kulikoyela Kahigi wakatoa Malenga wa Bara. Wanamapokeo nao hawakunyamaza. Walisema tungo hizo ni guni, yaani kazi zilizoharibika, na Saadan Kandoro akachapisha mwaka 1978 kitabu alichokiita Ushahidi wa Mashairi ya Kiswahili na Lugha Yake. Ushahidi! Ungedhani wako mahakamani.

Umuhimu wa kesi hiyo niliuona wazi kisiwani Takawiri, nilipozungumza na walimu na wanafunzi wa huko. Msichana mmoja alisimama akauliza, "Mwalimu, sisi watu wa ziwani tunaruhusiwa kutunga mashairi ya Kiswahili, au hayo ni ya watu wa pwani?" Wenzake hawakucheka. Tangu mwaka 1985, Kiswahili kilipofanywa somo la lazima la kutahiniwa nchini Kenya, watoto wa visiwa hivi wameyachambua mashairi wasiyoamini kwamba wana fungu ndani yake.

Nilimjibu kwa ramani. Yamkini amefundishwa kwamba wanamapokeo ni wapwani na wanamapinduzi ni wabara. Lakini Amri Abedi na Kandoro, walinzi wakali wa arudhi, wote walizaliwa Ujiji, kando ya Ziwa Tanganyika. Mathias Mnyampala, nguzo ya chama cha UKUTA, alikuwa Mgogo wa Dodoma. Kwa upande wa pili, Ebrahim Hussein, aliyeandika Ngoma na Vailini bila kufungwa na vina, ni mtu wa Kilwa. Naye Kezilahabi alizaliwa mwaka 1944 Ukerewe, kisiwa kilichomo katika maji yale yale yanayopiga fukwe za Takawiri.

Ramani ya siasa nayo haisimami. Abdilatif Abdalla alifungwa mwaka 1969 kwa kuuliza, katika kijikaratasi, Kenya inakwenda wapi. Mashairi aliyoyatunga gerezani, Sauti ya Dhiki, yamefuata arudhi barabara. Anayedai kwamba vina ni pingu za fikra na amsomee mfungwa huyo dai lake.

Kwa jicho la mwanaisimu, sehemu kubwa ya ugomvi huu ilitokana na neno moja. Kwa wajuzi wa pwani, shairi ni bahari mojawapo tu miongoni mwa nyingi, yenye umbo lake mahsusi, kama vile utenzi na wimbo zilivyo na yao. Kwa msomi wa chuo kikuu, shairi lilikwisha kuwa jina la ushairi wote. Basi mmoja aliposema "hili si shairi", alikuwa anataja umbo. Mwenziwe akasikia "hii si sanaa". Ibrahim Noor Shariff aliliona jambo hili alipokiita kitabu chake cha mwaka 1988 Tungo Zetu, wala si Mashairi Yetu. Laiti jina hilo lingetangulia!

Wanamapinduzi waliponena kwamba vina ni vazi la kuazima kutoka kwa Waarabu, walisema nusu ya kweli. Silabi za Kiswahili aghalabu huishia kwa irabu, na irabu zenyewe ni tano tu, vina hujileta. Olusuba, lugha ya Kibantu ya wazee wa Takawiri, ina tabia hiyo hiyo. Kijaluo kinachozungumzwa na wajukuu wao hufunga maneno mengi kwa konsonanti: *nam* ni ziwa, *rech* ni samaki. Mtoto wa huko ana masikio ya aina mbili, na sioni kwa nini alazimishwe kuziba moja.

Hofu ya akina Kandoro kwamba uhuru ungewapendeza wavivu haikuwa ya bure. Nimesoma magazeti ya shule ambamo sentensi za insha zimekatwakatwa vipande na kupangwa wima, zikaitwa shairi huru. Kezilahabi hakufanya hivyo. Mstari wake una mapigo yake, ingawa hauhesabiki kwa vidole.

Sauti ya Dhiki ilitoka mwaka 1973, Kichomi mwaka 1974. Mtunzi wa kwanza alikuwa na umri wa miaka 27, wa pili 30. Walimu wa kidato cha tatu na wachukue ukurasa mmoja wa kila kitabu, waligawe darasa pande mbili, wawaache wanafunzi wagombane kipindi kizima. Alama zitolewe kwa hoja, hata mwalimu mwenyewe akiwa wa upande ulioshindwa.